Hajambo Kidogo

Katika nyumba ya Mwalimu wa Udereva kulikuwa na sauti mbili. Ya kwanza ilikuwa sauti ya kawaida, ya kuulizana nani amemaliza sabuni, kumfukuza paka jikoni na kubishana na redio. Ya pili ilikuwa sauti ya wodi. Hii ilikuwa laini kama pamba, ikitokea puani zaidi kuliko mdomoni, na ilitengwa rasmi kwa ajili ya mtu mmoja tu: dada yake huyo Mwalimu, mjane wa makamo ambaye jamaa na majirani wote walimwita Mama Vishindo.

"Dada," angesema Mwalimu wa Udereva akichungulia mlangoni kila asubuhi, kichwa kimelala upande, "umeamkaje leo, dada yangu mpenzi?"

"Nimeamka kwa miguu, kaka. Kwani wewe huwa unaamkaje?"

"Vizuri. Vizuri sana." Naye angeondoka kwa kunyata, amelibeba jibu hilo kama mtu aliyeokota dalili.

Ieleweke kwamba Mama Vishindo aliumwa kweli. Hakuna aliyemsingizia. Mumewe alipofariki alikosa usingizi, kisha akaacha kula, kisha akaacha kuoga, mwishowe akawa anakaa kitandani ameutazama ukuta kutwa nzima, na mtu akimwuliza anaona nini humo ukutani, anajibu, "Rangi." Kaka yake ndiye aliyembeba mpaka hospitali kwa mikono yake mwenyewe, na hilo hakulisahau. Huko alipewa dawa, akapewa mtu wa kuzungumza naye, akalala, akala, akaanza kugombana na wauguzi juu ya chumvi kwenye mchuzi. Wauguzi walipoona anagombana walifurahi, wakampa ruhusa. Dawa aliendelea kumeza kama alivyoelekezwa, kama vile mwenye presha anavyomeza zake, na wala hakuona haya.

Tatizo ni kwamba yeye alitoka hospitali, lakini hospitali ilikataa katakata kuwatoka ndugu zake.

Wifi yake, mke wa Mwalimu, alianza kwa kuficha visu. Halafu akaficha mikasi. Sasa, Wifi alikuwa fundi cherehani, na fundi cherehani kuficha mikasi si mchezo. Aliificha kwa ustadi mkubwa hata mwenyewe akasahau iko wapi, ikabidi akate nyuzi kwa meno na kuwaambia wateja kwamba pindo lenye nyuzi zinazoning'inia ndio mtindo mpya. Vitunguu vilikatwa kwa ukingo wa kijiko. Ufunguo wa chumba cha Mama Vishindo ulitolewa mlangoni "usije ukapotea," ukaenda kuishi mfukoni mwa kaka.

Na huyo kaka! Gari lake la kufundishia lilikuwa na breki mbili, moja ya mwanafunzi na nyingine yake, naye alikuwa na tabia ya kuikanyaga ya kwake kila mwanafunzi anapoonekana ameanza kuifurahia safari. Nyumbani alifanya vilevile. Dada akicheka kwa nguvu, anakanyaga: "Taratibu, dada." Akinyamaza, anakanyaga: "Unawaza nini, dada?" Akipiga chafya mara mbili, Mwalimu na mkewe wanatazamana.

Lakini kilichompandisha Mama Vishindo hasira kuliko visu na funguo ni neno moja dogo. Simu ya nyumbani ikilia, Wifi huipokea, na upande wa pili ukiuliza habari za mgonjwa, Wifi hugeuka ukutani, anaishusha sauti mpaka ile ya pili, na kutamka: "Hajambo kidogo."

Kidogo! Kila anayejua lugha anajua maana ya hajambo kidogo. Ni mtu aliyeacha kutapika lakini ndoo bado ipo karibu.

"Wifi, mimi sijambo," alimwambia. "Mtu akiuliza, sema hajambo. Halafu ufunge mdomo."

"Sawa, wifi yangu."

"Sasa hiyo kidogo ni ya nini?"

"Ni kusema tu, wifi. Usijichoshe."

Mtu anayetaka kumtia mwenzake wazimu hana haja ya kununua sumu. Amwambie tu asijichoshe.

Jina la Mama Vishindo lilitokana na kazi yake. Alikuwa fundi wa vishindo kwenye kituo cha televisheni, yaani mtu anayetengeneza zile sauti ambazo kinasa sauti hakizipati vizuri wakati wa kupiga picha. Kwenye mchezo mtu akivunjwa mkono, kilichovunjika ni karoti iliyoviringishwa kwenye kitambaa kibichi, na aliyeivunja ni yeye. Mvua kubwa ilikuwa mchele ukiporomoka kwenye sinia. Wapenzi wakibusiana, mlio ule ulikuwa wa Mama Vishindo akiubusu mgongo wa mkono wake mwenyewe, huku wenzake studio wakitazama pembeni kwa heshima.

Kazi hiyo hiyo ndiyo iliyomponza hospitali. Siku ya kwanza Daktari alimwuliza, "Mama, huwa unasikia sauti?"

"Ndiyo," alijibu kwa unyonge.

"Sauti ambazo wengine hawazisikii?"

"Ndiyo. Ndiyo maana waliniajiri."

Daktari aliuliza zaidi, akaelezwa, akacheka mpaka akavua miwani, na mgonjwa naye akatabasamu kwa mara ya kwanza tangu msiba. Kwa bahati mbaya, Mwalimu wa Udereva aliyekuwa amesimama mlangoni alisikia nusu ya kwanza tu. Alitoka nje kulia, akarudi wakati maongezi yameshahamia kwenye usingizi. Tangu siku hiyo alijua jambo moja, na alilijua kwa moyo wote: dada yake anasikia sauti, na amekiri mwenyewe.

*

Jumatatu moja alikuja Mtayarishaji wa vipindi kutoka kituoni, kijana mwenye ndevu chache zilizopandwa kwa mbali mbali. Aliingia sebuleni na kusema kwa sauti ya kawaida kabisa, "Mama, tumekwama, na tukikukosa wewe tumekwisha."

Mama Vishindo nusura amkumbatie.

Habari yenyewe ilikuwa hivi. Kituo kilitaka kuonyesha tena mchezo wa zamani, wa enzi ambazo televisheni ilikuwa na makalio makubwa na kuhitaji meza yake peke yake. Mchezo uliitwa "Nani Yuko Darini". Ulihusu mke mmoja mpole ambaye kila akibaki peke yake anasikia hatua za mtu juu ya dari. Akimwambia mumewe, mume anamshika bega na kumsikitikia. Anayetembea darini ni huyo huyo mume, bwana mwenye duka la dawa na masharubu yaliyochanwa, ambaye anataka mkewe aonekane amerukwa na akili, afungiwe mahali, ili yeye abaki na katibu muhtasi wake. Siku ulipoonyeshwa mara ya kwanza watu walilala na taa zikiwaka, na mafundi seremala walipata kazi nyingi za kukagua dari.

Vishindo vyote vya mchezo ule alivitengeneza Mama Vishindo akiwa binti, kazi yake ya kwanza. Sasa utepe wa maongezi ulikuwa mzima, lakini utepe wa vishindo, uliotunzwa peke yake, ulikuwa umeliwa na ukungu.

"Unaonyeshwa Jumamosi jioni," alisema Mtayarishaji. "Studio inapakwa rangi, kwa hiyo itabidi ufanyie hapa nyumbani. Nikipata vishindo Ijumaa mchana, nitaviunganisha. Na mama, mkubwa anasema kazi hii ikitoka vizuri, unarudi kwenye nafasi yako. Vinginevyo wanaifuta, wanasema siku hizi kompyuta ina kila mlio."

Mama Vishindo alishusha pumzi. Nafasi yake! Kiti chake, sinia lake, kapu lake la viatu vya watu mbalimbali. Akiirudia ile kazi, nani atathubutu kumwongelea puani?

"Niachie huo mchezo," alisema.

Kaka alipopata habari alikanyaga breki zote mbili. "Kazi itakuchosha akili, dada."

"Akili yangu imechoshwa na mapumziko."

"Basi tutaona," alisema Mwalimu, kwa maana ya hatutaona kitu.

*

Alianza kazi Jumanne asubuhi chumbani kwake. Alitoa mlango wa kabati, akaulaza juu ya stuli mbili ili uwe na uwazi chini, uitike kama dari. Alivaa viatu vya kiume vyenye soli ngumu. Akaweka mchezo kwenye kompyuta ndogo aliyoachiwa, akawasha kinasa sauti, akapanda juu ya ubao ameshikilia dirisha, na akawa mume mbaya. Kop. Kop. Kimya. Kop.

Uzuri ni kwamba hakumficha mtu kitu. Wifi alipogonga na kuingia kabla ya kujibiwa, akiwa na kikombe cha uji na macho yametoka, Mama Vishindo alimweleza ukweli mtupu.

"Natengeneza hatua za mtu wa darini, wifi."

Wifi aliitazama dari. "Ehee," alisema kwa ile sauti. "Mtu wa darini. Na... anasemaje, huyo mtu?"

"Hasemi kitu. Anatembea tu."

"Amekuja lini?"

"Wifi, si mtu wa kweli. Ni wa kwenye mchezo. Mume wa yule mama."

"Mume." Wifi aliweka kikombe chini polepole, kama mtu aliyekutana na mbwa asiyemjua. "Ni marehemu, wifi? Ndiye anayekuja?"

"Hebu toka nje!"

Wifi alitoka. Na hapo ndipo ilipo dhuluma yenyewe, dhuluma ambayo hakuna mahakama ingeisikiliza: akisema kweli, ni ugonjwa unasema, akikasirika kwa kutoaminiwa, ugonjwa umepanda, akinyamaza, ugonjwa unapanga. Ukishakuwa mgonjwa wa akili, hata kupiga mwayo kunahitaji shahidi.

Aliendelea. Jumatano alitengeneza mvua, akatengeneza mlango unaolia kwa kukalia kiti kibovu na kujinyonganyonga. Alitengeneza mapigo ya moyo wa yule mke kwa kupiga ngumi kwenye godoro, du-dum, du-dum, mpaka jirani wa upande wa pili akapunguza redio asikilize. Kila akinyanyua kichwa alikiona kivuli cha miguu ya kaka chini ya mlango.

Jumatano hiyo hiyo alifika kwenye sehemu ambayo haikuhitaji kishindo chochote. Kwenye kioo kidogo cha kompyuta mke amekaa jikoni peke yake. Mume yuko ukumbini, ameshika simu, amegeukia ukuta. Anaishusha sauti, laini, ya puani, na kumwambia rafiki wa familia, "Leo hajambo kidogo. Lakini usiku alisikia tena mtu."

Mama Vishindo alisimamisha picha. Akairudisha nyuma. Akaisikiliza tena.

Siku zile za ubinti aliamini kinachotisha katika mchezo ule ni hatua zake. Alijivunia. Watu walikaguliwa dari zao kwa ajili ya viatu vyake! Sasa aliona kwamba hatua zilikuwa mapambo tu. Yule mke angeweza kuishi na mtu darini miaka na miaka, angezoea, angemwachia hata chakula. Kilichommaliza ni ile sauti ukumbini. Mume yule alikuwa mwovu na kaka yake alikuwa mtu mwema, mtu aliyembeba kwa mikono yake. Ajabu ni kwamba sauti ilikuwa moja. Mtu ukiwa jikoni huwezi kujua ipi inatoka kwa mwovu na ipi inatoka kwa anayekupenda.

Alikasirika mpaka masikio yakapata moto. Halafu, kwa kuwa alikuwa mtu wa kazi, akaitumia ile hasira: siku hiyo alirekodi ngazi za kupandia darini, na hazijawahi kupandwa kwa ubaya kiasi kile.

*

Ijumaa asubuhi alimaliza kishindo cha mwisho. Ni pale mume anapokanyaga ubao mbovu, dari inafunguka, naye anaanguka sebuleni miguuni pa mkewe. Kwa kazi hiyo alitumia nusu gunia la unga, na lilimchosha, maana lilikataa kuanguka kama binadamu. Aliliangusha, akaliinua, akaliangusha, mpaka likaelewa.

Alitoka chumbani ameshika kinasa sauti juu kama kombe. Nywele zilikuwa nyeupe kwa unga. Vidole vilikuwa vya rangi ya karoti. Miguuni alikuwa na viatu vya kiume. Tukubaliane kwamba haikuwa siku nzuri ya kukutana na watu.

Sebuleni walikaa watatu: kaka, Wifi, na Muuguzi kutoka wodini, mmoja wa wale wa ugomvi wa chumvi. Katikati yao, juu ya zulia, kulikuwa na begi lake la nguo, limeshafungwa.

"Dada," alisema Mwalimu wa Udereva kwa sauti iliyokuwa ya wodi kuliko wodi yenyewe, "kaa, dada. Sista amekuja kukusalimia."

"Anasalimia na begi langu?"

"Ni siku chache tu, wifi yangu," alinong'ona Wifi.

"Hata mimi begi nimelikuta hapa," alisema Muuguzi. "Mwalimu, umesema una kitu cha kunisikilizisha. Kiweke."

Mwalimu alitoa simu yake kwa huzuni. Alikuwa ameuweka mkono wenye simu kwenye upenyo wa mlango siku mbili mfululizo. Kutoka humo zilitoka hatua, kukuru-kakara, pumzi nzito, kisha sauti ya Mama Vishindo, wazi kabisa: "Bado hajafa. Polepole... sasa! Mwangushe. Hapana, hapana. Huyu kaanguka kama gunia, nataka aanguke kama mume wa mtu."

Wifi alijifunika uso kwa khanga.

"Mama," alisema Muuguzi, kwa sauti ile ile ambayo mtu angeulizia bei ya nyanya, "nani huyo unayemwangusha?"

"Unga, Sista. Nusu gunia. Niko kazini. Na hizo pumzi nzito si zangu, ni za kaka yangu hapo mlangoni. Ana mafua, mchunguze."

"Kazi ipi?"

Mama Vishindo alimweleza: mchezo, ukungu, Ijumaa mchana. Alieleza kwa kifupi, amesimama, na unga ukimdondoka begani. Muuguzi alisikiliza bila kulaza kichwa upande.

"Dawa unameza?"

"Nameza."

"Usingizi?"

"Nalala vizuri, isipokuwa huyu akija kunichungulia kama ninapumua."

"Chakula?"

"Nakula. Kinanishinda chenu tu, kwa ile chumvi."

"Chumvi tumepunguza," alisema Muuguzi. Akawageukia wenzake. "Mimi nimeacha wagonjwa huko kuja hapa. Mwalimu, alichowaambia kuhusu kazi hii, mlimwuliza yule kijana wa televisheni kama ni kweli?"

Mwalimu alilisukuma begi nyuma ya kiti kwa mguu.

"Mkiona halali, hali, hataki kuoga, nipigieni saa yoyote, na mwambieni yeye kwanza kabla yangu. Lakini mtu hapelekwi wodini kwa kosa la kufanya kelele. Ingekuwa hivyo wodi isingetosha."

Wifi alikuwa bado hajausema ukweli wake. Ulimtoka sasa, kwa kona ya khanga. "Yule kijana alipiga simu jana. Kuuliza kazi imefika wapi."

"Ukamwambiaje?" aliuliza Mama Vishindo.

"Nilimwambia tu..."

"Wifi, ukamwambiaje?"

"Hajambo kidogo. Na kwamba yule mtu wa darini amerudi."

Mama Vishindo hakupiga kelele. Aliichukua simu ya nyumbani, akampigia Mtayarishaji, na kijana alipoitikia kwa kumtaja jina, moyo wa Mama Vishindo ulishuka mpaka kwenye vile viatu. Alikuwa ameshaambukizwa. Alikuwa anaongea puani.

"Mama yangu... wewe pumzika kwanza. Afya ndiyo kila kitu. Tumepata vishindo kwenye kompyuta, usijali."

"Hatua zake zikoje?"

"Ziko sawa, mama."

"Mwanangu. Hatua zake zikoje?"

"Kama mtu anakula biskuti," kijana alikiri.

"Usiguse kitu. Nakuja."

Alikata simu, akamgeukia kaka yake. "Washa gari."

Mwalimu alimtazama Muuguzi. Muuguzi akasema naye anaelekea huko huko, apewe nafasi ya nyuma. Basi wakaenda, fundi wa vishindo amekaa mbele na unga wake, na Mwalimu akakanyaga breki kwa kila kuku na kila wazo, mpaka Mama Vishindo akasema, "Kaka, mimi ndiye ninayesemekana kuona visivyokuwepo."

Kituoni alimkalisha Mtayarishaji kwenye kiti, akamvisha vipokea sauti masikioni, akamwamuru afumbe macho. Kijana alifumba. Baada ya muda mfupi aliyafumbua. Halafu, bila kujua, akakiinua kichwa na kuitazama dari, ambayo ilikuwa ya zege na juu yake hakukuwa na kitu isipokuwa mbingu.

"Nusu ya kwanza imeshafungwa, mama," alisema kwa sauti yake mwenyewe, na kwa aibu. "Mkubwa ameipitisha asubuhi. Kwenye nusu ya pili naweza kuweka vishindo vyako. Naiweka sasa hivi."

"Na nafasi yangu?"

Ikabidi waende kwa mkubwa. Mkubwa wa vipindi alikuwa mtu wa kuogopa lawama. Alimsifu sana Mama Vishindo, akazisifu na enzi zake, kisha akasema kwamba kwa kuwa habari zilizotoka nyumbani zilikuwa, tuseme, za wasiwasi, angependa habari nyingine zitoke huko huko nyumbani. Kaka apige simu tu, aseme dada yake ni mzima wa kufanya kazi. Akasema hayo akitabasamu, akampa namba.

Mtu mzima, mwenye mvi, aliyefanya kazi kabla mkubwa huyo hajajua kufunga kamba za viatu, aombewe ruhusa na kaka yake kama mtoto aliyechelewa shule! Mama Vishindo aliikunja namba mara nne, akaitia mfukoni, akaaga kwa adabu. Maana hasira nayo alijifunza kuizuia mbele za watu wa aina ile. Ingeandikwa dalili.

*

Jumamosi jioni walikaa watatu mbele ya televisheni. Kaka alikuwa hajapiga simu. Alikuwa amesema "tutaona" asubuhi, na "tutaona" mchana.

Nusu ya kwanza ilikuwa mateso. Mke mpole alikodoa macho darini, na huko darini mtu akala biskuti. Mama Vishindo alijishika kichwa.

"Unaumwa?" Mwalimu aliruka. "Tuzime? Dada, tuzime?"

"Ukiizima nakuzima wewe."

Halafu nusu ya pili ikaanza. Kop. Sebule nzima ikawa baridi. Kop. Wifi, ambaye alizisikia hatua hizo ukutani wiki nzima, aliinua shingo kuitazama dari yake mwenyewe, akamshika mumewe mkono. Kimya. Kop.

"Ni wewe, wifi?" alinong'ona.

"Ni mimi."

"Mungu wangu."

Mama Vishindo aliitoa namba, akaiweka juu ya paja la kaka yake. "Sasa umesikia nilichokuwa nafanya. Mpigie mkubwa."

"Tutaona kesho, dada."

"Kesho atakuwa amempa mwingine. Piga sasa."

"Taratibu, dada yangu mpe..."

"Usiniite mpenzi! Mimi si mpenzi, mimi ni dada yako! Niite kama ulivyokuwa unaniita!"

"Na ikitokea je?" Mwalimu wa Udereva alisimama ghafla, na sauti iliyomtoka haikuwa ya wodi. Ilikuwa kubwa, ya kukwaruza, na ilipasuka katikati. "Eh? Nikisema wewe ni mzima, halafu ukarudi ukutani? Nitamwambia nani? Ni mimi niliyekubeba, si wewe! Ulikuwa huna uzito, unajua hilo? Nilikuwa kama nimebeba nguo! Kila asubuhi nikifungua ule mlango naogopa nitakuta nguo!"

Mama Vishindo naye alikuwa amesimama. "Basi si uniambie hivyo!" alifoka. "Useme unaogopa! Wewe unakuja kuninong'onea kama maiti, mimi nitajuaje kama unaogopa au umenichoka?"

"Kukuchoka? Nimekuchoka tangu utoto, mwanamke mwenye kichwa kigumu wewe!"

"Haya, sema tena!"

"Kichwa kigumu! Mbishi! Umemaliza unga wa wiki mbili, unaangusha waume za watu!"

"Piga simu!"

"Napiga! Unadhani siwezi kupiga?" Akaikwapua simu, akabonyeza namba kama anayemchoma mtu macho, na alipoitikiwa hakusalimia. "Ninyi watu wa televisheni! Dada yangu ni mzima! Anakula, anabishana, hapa nilipo amenitoa roho! Aliumwa, ndiyo, amepona, kama ninyi mnavyopona malaria! Mkitaka kumrudisha mrudisheni Jumatatu, na kama hamtaki njooni mkae naye ninyi!"

Jirani aligonga ukuta. Mama Vishindo aligonga na yeye, kwa furaha, kwa soli ya kiatu.

"Amesemaje?" alipaza sauti. "Kaka, amesemaje?"

"Amesema Jumatatu asubuhi! Na usichelewe, maana wewe kuchelewa ni desturi yako!"

"Mimi? Nani alichelewa harusi yake mwenyewe?"

"Nyamazeni!" alipiga kelele Wifi, kwa sauti iliyoweza kusikika mpaka barabarani, macho yake yakiwa kwenye kioo ambapo ubao wa dari ulikuwa umeanza kupasuka. "Nyamazeni wote wawili, mume anaanguka!"